Pasipoti huanzia kijijini: karatasi za kuandaa kabla hujapanda basi kwenda Uhamiaji

Kila tunapogusia safari za nje ya nchi kwenye matangazo yetu, swali linalorudi kwenye simu ya studio ni lile lile: nikitaka pasipoti naanzia wapi, kwa mtendaji au Uhamiaji?

Jibu fupi ni hili. Anayetoa pasipoti Tanzania ni Idara ya Uhamiaji peke yake. Mtendaji wa kijiji hatoi pasipoti, mtendaji wa kata hatoi, na ofisi ya Mkuu wa Wilaya haitoi. Lakini karibu kila karatasi ambayo Uhamiaji wataiomba ina mizizi kijijini kwako. Kwa hiyo anayekwenda mkoani bila kupita kwanza ofisi za nyumbani, mara nyingi hurudishwa huko huko nyumbani, nauli ikiwa imeshaliwa.

Na nauli si jambo dogo. Mtu wa Tunduru akirudishwa na ofisi ya Songea amepoteza safari ya zaidi ya kilomita 200 kwenda tu. Mtu wa Ngara hali kadhalika akirudishwa kutoka Bukoba. Kwa mgonjwa aliyeandikiwa rufaa ya nje, au kijana aliyepata nafasi ya masomo yenye tarehe ya mwisho, kurudishwa mara mbili kunatosha kumkosesha safari.

Makala hii tumeiandika ili uisome kwenye simu, uiandike kwenye daftari, na umsomee jirani ambaye hana simu. Inafuata njia yenyewe ilivyo, kuanzia kitongojini hadi kwenye dirisha la Uhamiaji.

Ofisi ipi inafanya nini

Watu wengi huchanganya ofisi hizi, kwa hiyo tuzitenganishe kwanza.

Serikali ya kijiji, au ya mtaa kwa walio mjini, inakutambua kama mkazi. Mwenyekiti wa kitongoji anakufahamu, mtendaji wa kijiji anaandika barua na kugonga muhuri. Zanzibar kazi hiyo ya kukutambua hufanywa na sheha.

Ofisi ya kata, chini ya mtendaji wa kata, huthibitisha barua ya kijiji pale inapohitajika.

RITA, yaani Wakala wa Usajili, Ufilisi na Udhamini, ndiyo yenye vyeti vya kuzaliwa kwa Tanzania Bara. Katika wilaya nyingi utaipata kwenye majengo ya ofisi ya Mkuu wa Wilaya. Zanzibar ina wakala wake wa usajili wa matukio ya kijamii.

NIDA, Mamlaka ya Vitambulisho vya Taifa, hutoa kitambulisho cha taifa na namba yake.

Wakili au hakimu hushuhudia viapo.

Mwisho kabisa ni Uhamiaji. Hawa hupokea maombi, hukuhoji, huchukua alama za vidole na hutoa pasipoti. Ukifika kwao, kazi ya ofisi zote tulizotaja juu iwe imekwisha.

Barua ya utambulisho: iandikwe nini

Barua ya mtendaji huonekana kitu kidogo, na kwa sababu hiyo watu huichukua haraka haraka. Soma kabla hujaondoka ofisini. Barua nzuri ina majina yako yote kama yalivyo kwenye vyeti vyako, mahali unapoishi hadi kitongoji, tangu lini unaishi hapo, sababu ya kuandikiwa, tarehe, jina na sahihi ya mtendaji, na muhuri unaosomeka.

Neno la kuangalia zaidi ni jina. Mtendaji aliyekuzoea anaweza kuandika "Mama Asha" kichwani mwake na kukuandika kwa jina la mume wako, wakati cheti chako cha shule kina jina la baba yako. Nenda na vyeti vyako, uviweke mezani, anakili kutoka hapo.

Je, barua hulipiwa? Malipo yoyote halali katika ofisi ya serikali huambatana na stakabadhi ya serikali. Ukiambiwa utoe fedha, uliza kwa upole: "Nitapata stakabadhi?" Mara nyingi swali hilo linatosha. Ukinyimwa barua bila sababu, panda ngazi: mwenyekiti wa kijiji, mtendaji wa kata, kisha ofisi ya mkurugenzi wa halmashauri. Na kama fedha inadaiwa kwa siri, TAKUKURU wana namba ya bure, 113.

Cheti cha kuzaliwa kwa aliyezaliwa nyumbani

Hapa ndipo wengi wa wasikilizaji wetu hukwama. Umezaliwa nyumbani, mkunga alikuwa bibi, na cheti hakikuwahi kuchukuliwa. Umesoma, umeoa, umelea watoto bila cheti hicho. Siku unayotaka pasipoti ndiyo siku unayogundua kwamba serikali haina maandishi ya kuzaliwa kwako.

Usikate tamaa. Sheria inaruhusu mtu mzima kusajiliwa kuzaliwa kwake kwa kuchelewa. Kinachotakiwa ni ushahidi. Kusanya kila karatasi ya zamani yenye jina lako, tarehe ya kuzaliwa na majina ya wazazi: kadi ya kliniki kama bado ipo, cheti cha ubatizo, cheti cha kumaliza darasa la saba, kitambulisho cha mpiga kura, pamoja na barua ya mtendaji inayoeleza ulizaliwa wapi na wazazi wako ni nani. Ukiwa na mzazi, shangazi au mjomba aliye hai anayekumbuka, mwende pamoja.

Peleka vyote ofisi ya RITA ya wilaya ulikozaliwa. RITA pia wana mfumo wa kuomba kwa njia ya intaneti, unaweza kuufungua kwenye simu yako. Ada hutegemea umri wa anayesajiliwa. Kadiri ulivyochelewa ndivyo inavyoongezeka. Lipa kwa namba ya malipo ya serikali, usimpe mtu mkononi.

Jambo moja kwa wazazi wanaotusikiliza. Mtoto wa chini ya miaka mitano siku hizi husajiliwa bila malipo, katika mpango ulioanzia Mbeya mwaka 2013 na kusambaa katika mikoa mingine. Usajili hufanyika kwenye kituo cha afya au ofisi ya kata, na cheti hutolewa hapo hapo. Mchukulie mwanao leo. Miaka ishirini ijayo hatakuwa akitafuta mkunga aliyekwisha kufariki.

Kwa nini wanauliza cheti cha mzazi

Msikilizaji huuliza: mimi ndiye ninayesafiri, cha mama yangu wanakitakia nini?

Sababu ni uraia. Pasipoti ya Tanzania hutolewa kwa raia wa Tanzania tu. Sheria ya Uraia ya mwaka 1995 inatambua njia tatu za kuwa raia: kuzaliwa, kurithi na tajnisi, yaani mgeni kuomba na kupewa uraia. Njia ya kurithi humhusu aliyezaliwa nje ya nchi na mzazi Mtanzania. Afisa wa Uhamiaji anapotaka kujua kama wewe ni raia, anarudi nyuma kizazi kimoja na kumtazama mzazi wako. Ndiyo maana huombwa cheti cha kuzaliwa cha baba au mama.

Wazee wetu wengi hawana cheti. Kwa hali hiyo hutumika kiapo cha kuzaliwa, yaani maelezo ya maandishi yanayotolewa kwa kuapa mbele ya wakili au hakimu. Kama mzazi yupo hai, ni vema aape mwenyewe. Kama amefariki, ndugu wa karibu anayejua habari zake huweza kuapa, na uambatishe cheti cha kifo kama kipo. Kiapo kitaje jina kamili la mzazi, mahali alipozaliwa na mwaka.

Kwa walio mikoa ya mpakani, kama Kigoma, Kagera, Mara, Mtwara na Ruvuma, jiandae kwa maswali marefu kidogo. Huko koo zimevuka mipaka tangu kabla ya mipaka yenyewe kuwekwa, na lugha ya nyumbani inaweza kuwa ile ile ng'ambo ya mto. Kuulizwa shule ya msingi uliyosoma, jina la babu au kijiji alikozikwa si kushtakiwa. Jibu kwa ukweli, bila hasira, na ukiwa na karatasi. Usikubali ushauri wa kubadili jina la baba ili "lisikike la hapa". Kutoa taarifa za uongo kwenye maombi ya pasipoti ni kosa la jinai, na uongo huo utakufuata kila utakapoomba hati nyingine.

Namba ya NIDA

Kwa mtu wa miaka 18 na kuendelea, namba ya NIDA ndiyo ufunguo wa fomu ya Uhamiaji. Si lazima uwe na kadi ya plastiki mkononi; namba yenye tarakimu 20 inatosha kuanzia.

Kama hujawahi kujiandikisha, safari inaanzia tena kwa mtendaji, maana fomu ya NIDA hupita serikali ya kijiji au mtaa kuthibitishwa kwamba wewe ni mkazi. Baada ya hapo unakwenda ofisi ya NIDA ya wilaya kupigwa picha na kuchukuliwa alama za vidole. Kujiandikisha mara ya kwanza hakulipiwi.

Kama ulishajiandikisha na hujapata namba, piga *152*00# na ufuate maelekezo hadi kwenye huduma za NIDA. Ukipata namba, iandike mahali pawili: kwenye daftari la nyumbani na kwenye simu.

Majina yasipolingana

Tungeweza kuandika makala nzima juu ya kipengele hiki peke yake, kwa sababu ndicho kinachorudisha watu wengi kuliko kukosa fedha.

Tuchukue mfano. Binti alibatizwa Yosefina. Mwalimu wa darasa la kwanza akaandika Josephine. Kwenye kitambulisho cha mpiga kura akaandikwa Josefina kwa jina la mume. NIDA wakanakili cha mpiga kura. Nyumbani kila mtu anajua ni mtu mmoja. Kwenye kompyuta hao ni watu watatu, na afisa hana ruhusa ya kukisia. Vivyo hivyo Khadija na Hadija, Mohamed na Muhammad, Shabani na Shaaban. Wakati mwingine tofauti ni mwaka wa kuzaliwa: shule ilipunguza miaka miwili ili mtoto apokelewe, na miaka hiyo miwili bado ipo.

Fanya kazi hii jioni moja, kabla ya kutumia hata shilingi moja. Tandaza vyeti vyako vyote mezani au kwenye mkeka. Chukua karatasi, chora safu tatu: majina, tarehe ya kuzaliwa, mahali pa kuzaliwa. Andika kila cheti kinasemaje, herufi kwa herufi. Pale panapotofautiana weka alama.

Kisha tibu kila tofauti kwa dawa yake. Kama kosa ni la maandishi kwenye cheti cha kuzaliwa, rudi RITA wakarekebishe. Kama kosa liko kwenye taarifa za NIDA, peleka cheti cha kuzaliwa NIDA waoanishe. Kama tofauti ni ya tahajia tu, au unatumia jina la ndoa, wakili anaweza kukuandalia kiapo kinachosema kwamba majina hayo yote ni ya mtu mmoja, na aliyeolewa aambatishe cheti cha ndoa. Kama umebadilisha jina kabisa, kiapo cha kawaida hakitoshi. Kuna hati ya kisheria ya kubadili jina ambayo wakili huiandaa na husajiliwa serikalini.

Angalizo la mpangilio: rekebisha cheti cha kuzaliwa kwanza, NIDA baadaye, Uhamiaji mwisho. Ukianza na NIDA kisha cheti kikaja kubadilika, utarudi NIDA tena.

Fomu na malipo

Pasipoti inayotolewa sasa ni ya kielektroniki, ya Afrika Mashariki, iliyozinduliwa jijini Dar es Salaam Januari 31, 2018. Zile za zamani ziliacha kutumika mwishoni mwa Januari 2020, kwa hiyo kama mzee ana kitabu cha zamani kabatini, kinabaki kumbukumbu tu. Pasipoti mpya ya kawaida hudumu miaka 10.

Maombi huanzia kwenye tovuti ya Uhamiaji, www.immigration.go.tz. Unaweza kujaza kwa simu yenye intaneti. Wengi huenda steshenari kwa sababu fomu lazima ichapishwe. Hakuna ubaya, ila fanya mambo matatu. Kaa karibu na anayekuandikia na umtajie herufi za jina lako moja moja. Hakikisha namba ya simu inayowekwa ni yako, si ya mwenye duka. Na kabla hujaondoka, nakili namba ya ombi lako.

Ada ya pasipoti ya kawaida iliyowekwa tangu mwaka 2018 ni shilingi 150,000. Kati ya hizo, 20,000 ni ya fomu na 130,000 ni ya pasipoti yenyewe. Kabla ya kulipa, linganisha na kiasi kinachoonyeshwa na mfumo wenyewe. Malipo hufanywa kwa namba ya kumbukumbu ya malipo ya serikali, yenye tarakimu 12, benki au kwa simu. Kabla hujaweka namba ya siri, soma jina la anayelipwa linalotokea kwenye kioo. Likiwa ni jina la mtu binafsi, simama hapo hapo. Hifadhi ujumbe wa malipo, usiufute hata kama simu imejaa.

Mbali na ada, piga hesabu ya mengine: cheti, kiapo, kuchapisha, picha ndogo, nauli za kwenda na kurudi, na malazi. Kwa mtu wa kijijini gharama hizi za pembeni zinaweza kukaribia ada yenyewe, hasa akirudishwa. Ndiyo maana tunasisitiza karatasi kwanza.

Siku ya kwenda mkoani

Kama wilaya yako ina ofisi ya Uhamiaji, pita hapo kwanza, uwaonyeshe karatasi zako na uulize kama kuna linalokosekana. Kuuliza ni bure, na wanaweza kukuokoa safari ya mkoani.

Unapokwenda ofisi ya mkoa, chukua vyeti halisi pamoja na nakala zake. Nakala peke yake hazitoshi. Beba fomu iliyochapishwa; ipitie yote ukaone ni sehemu zipi zinahitaji sahihi yako na zipi zinahitaji sahihi na muhuri wa wakili au kamishna wa viapo, na ukamilishe hayo kabla ya kupanda basi.

Beba pia uthibitisho wa safari. Mgonjwa awe na barua ya hospitali. Mwanafunzi awe na barua ya kupokelewa chuoni. Mfanyabiashara awe na leseni na namba ya mlipakodi. Anayekwenda kumtembelea ndugu awe na barua ya mwaliko na nakala ya hati za ndugu huyo. Anayekwenda kazini awe na mkataba.

Lazima uende mwenyewe. Alama za vidole, picha na sahihi ya kielektroniki haviwezi kuchukuliwa kwa niaba. Kwa wakulima na mafundi, vidole vyenye sugu au saruji husumbua mashine. Siku mbili tatu kabla, osha mikono vizuri na uipake mafuta usiku. Hili si la kuchekesha. Limewakwamisha watu kwenye usajili wa laini za simu, na kifaa ni cha aina ile ile.

Usinunue tiketi ya ndege wala kulipia hoteli kabla pasipoti haijafika mkononi. Muda wa kusubiri hutegemea uchunguzi wa karatasi zako.

Pasipoti ya mtoto

Kila mtoto huwa na pasipoti yake, hata mchanga. Mtoto wa chini ya miaka 18 hutumia vitambulisho vya wazazi. Kinahitajika cheti chake cha kuzaliwa na ridhaa ya wazazi kwa maandishi. Kama mzazi mmoja amefariki, ambatisha cheti cha kifo. Kama mtoto analelewa na bibi au shangazi, mlezi aonyeshe hati ya kisheria ya ulezi. Maneno ya "mimi ndiye niliyemkuza" hayatoshi, hata kama ni kweli tupu. Masharti haya hukera, lakini yamewekwa ili mtoto asivushwe mpaka na mtu asiyehusika.

Safari ya haraka ya nchi jirani

Kuna hati ya dharura ya safari, ambayo pia hutolewa na Uhamiaji, kwa ada iliyo chini sana ya ile ya pasipoti. Humfaa mtu mwenye msiba Kenya au shughuli ya haraka Uganda, ambaye hana pasipoti. Hutumika kwa muda mfupi na kwa safari iliyotajwa. Haifai kwa anayekwenda mbali, maana nchi nyingi hazitaiwekea viza.

Na hapo tukumbushane: pasipoti si viza. Pasipoti inasema wewe ni nani na ni wa nchi gani. Viza ni ruhusa ya nchi unayokwenda. Unaweza kuwa na pasipoti na bado ukazuiwa kuingia. Nchi nyingi pia hutaka pasipoti iwe na angalau miezi sita kabla haijaisha muda, jambo ambalo mahujaji na wagonjwa wanaokwenda India wanapaswa kuliangalia mapema.

Vishoka na mawakala wa ajira

Kishoka ni yule anayekusubiri nje ya ofisi na kukuambia ana mtu wake ndani. Hana fomu ambayo wewe huwezi kuipata, na hawezi kupeleka vidole vyake badala ya vyako. Anachoweza ni kuchukua fedha yako, au kukuingizia cheti cha kughushi. Cheti hicho kikigundulika, jina linaloandikwa kwenye jalada la kesi ni lako.

Hatari kubwa zaidi ni kwa mabinti wanaoahidiwa kazi za ndani Oman, Saudi Arabia na nchi nyingine za Ghuba. Mtu huja kijijini, hulipia kila kitu, cheti, nauli na pasipoti, kisha huishika pasipoti hiyo. Anayeshika pasipoti yako ameshika na mlango wa kurudi nyumbani. Pasipoti ni mali ya Serikali uliyokabidhiwa wewe. Si rehani ya deni la mtu. Wakala halali wa ajira ana leseni ya serikali na hukupa mkataba unaousoma kabla ya kuondoka. Uliza Ofisi ya Kazi ya mkoa kama wanamtambua. Na wewe mzazi, kabla binti hajaondoka, baki na nakala ya ukurasa wa pasipoti wenye picha, nakala ya mkataba, na namba ya simu ya ubalozi wetu wa nchi anayokwenda.

Ukishaipata

Ukikabidhiwa pasipoti, isome hapo hapo dirishani: majina, tarehe, mahali pa kuzaliwa. Kosa linaloonekana siku hiyo ni rahisi kushughulikia kuliko la mwaka kesho. Itunze pakavu, mbali na mchwa, panya na watoto, na usiikunje, kwa sababu ndani yake kuna chipu inayobeba taarifa zako. Piga picha ukurasa wenye sura yako, mtumie ndugu unayemwamini. Ikipotea, toa taarifa polisi, uchukue karatasi ya taarifa ya upotevu, kisha uende Uhamiaji. Ukiwa nje ya nchi, nenda ubalozini.

Orodha ya kunakili kwenye daftari

1. Linganisha majina na tarehe kwenye vyeti vyote.
2. Barua ya mtendaji wa kijiji au mtaa, yenye muhuri, Zanzibar, sheha.
3. Cheti cha kuzaliwa kutoka RITA, kikiwa kimesahihishwa.
4. Namba ya NIDA inayolingana na cheti hicho.
5. Cheti cha kuzaliwa cha mzazi, au kiapo.
6. Kiapo cha majina na cheti cha ndoa, kama vinahusika.
7. Uthibitisho wa safari.
8. Picha ndogo za karibuni.
9. Fomu ya Uhamiaji iliyochapishwa na kusainiwa, namba ya ombi, na ujumbe wa malipo.
10. Nakala za vyote, pamoja na vyeti halisi.

Namba 1 hadi 5 zinaweza kushughulikiwa hata kama huna safari yoyote mwaka huu. Karatasi hizo hizo utazihitaji kwenye mkopo wa mwanafunzi, mirathi, mafao ya uzeeni na ajira. Msimu wa mavuno ukiisha na kazi zikipungua, anza na mtendaji wako wa kijiji. Safari ikija ghafla, ikukute karatasi ziko tayari na kilichobaki ni Uhamiaji tu.